Barua kwa Mwanaidi: fuata pumzi za Sinatra

Tanga

Mpendwa Mwanaidi,

Salamu nyingi kutoka huku. Nyumbani wote wazima, na mama anauliza utakuja lini.

Ulivyosema kuhusu In the Wee Small Hours, albamu ya mwimbaji wa Marekani Frank Sinatra, kumeniuma. Eti nyimbo 16 za majonzi mfululizo zimekuchosha, ukaizima katikati. Mwenzangu, irudie tafadhali. Wewe ni mwimbaji wa bendi. Safari hii fuata pumzi zake.

Sinatra aliimba na bendi ya Tommy Dorsey kuanzia 1940 hadi 1942. Dorsey alikuwa akipuliza tromboni, aina ya tarumbeta kubwa, mstari mrefu wee, hujui kavuta pumzi saa ngapi, na Sinatra aliyekaa nyuma yake akawa anauchunguza mgongo wake ajue siri. Nelson Riddle, aliyepanga muziki wa albamu hii, naye alikuja kupiga tromboni kwa huyo huyo Dorsey. Kwangu mimi ndiyo maana fidla zinajua pa kumpisha.

Karibu nyimbo zote walizirekodi Hollywood mwanzoni mwa 1955. Ukiacha wimbo wa kwanza, uliokuwa mpya, nyingi ni zilipendwa za miaka ya 1930. Watu husema alikuwa akimlilia mkewe, mwigizaji Ava Gardner, maana walikuwa wametengana. Sawa, lakini wangapi wameachwa na hawajaimba hivi? Huzuni peke yake haifundishi mtu kuimba.

Anza na I Get Along Without You Very Well. Mtunzi Hoagy Carmichael aliutoa kwenye shairi lililomfikia bila jina la mwandishi. Akatafutwa mpaka akapatikana, Jane Brown Thompson, naye akafariki usiku wa kuamkia siku wimbo ulipoimbwa redioni kwa mara ya kwanza, Januari 1939. Hakuwahi kuusikia! Kila nikikumbuka hilo nausikiliza upya.

Mwimbaji anadai hana shida bila mpenzi wake, kisha anaanza kutaja yanayomshinda: manyunyu ya mvua yakidondoka majanini, mtu akilitaja lile jina, mtu akicheka kama yeye. Sinatra hapaazi sauti wala hajilizi. Anaongea tu, kama mtu aliyekuvuta pembeni, na kwa kuwa anasema taratibu unajua anajidanganya. Wengi wetu tungelia hapo, tukauharibu.

Ukishausikia, chukua ule wimbo wako wa polepole unaoimba Jumamosi, uimbe bila kukata mstari katikati, unirekodie unitumie. Nitausikiliza siku hiyo hiyo.

Wako akupendaye,
Rehema