Usisaini kwanza, shoga

Shoga yangu Mwanaidi,

Salaam aleikum. Watoto wazima? Bi mkubwa miguu imekaaje saivi, ile dawa ya kuchua ilifika? Mie mzima alhamdulillahi, baridi tu na shifti za usiku. Najua nimekaa kimya tangu Idi, unisamehe, lakini sauti uliyonituma Jumanne nimeisikiliza mara nne na usingizi umenipaa.

Yani huyo bosi wenu anataka muongeze shoo ya mchana Jumapili kwa hela ileile, alafu mkataba unasema huruhusiwi kuimba kwenye harusi ya mtu yeyote bila ruhusa yake? Harusi ndo zinazokulisha Mwanaidi! Na Rukia anakwambia saini tu usije ukakosa vyote. Rukia simlaumu, ana mzigo wake, lakini hebu nisikilize kwanza.

Jumamosi nilienda na Zuhura kwenye ukumbi unaitwa Wilton's, uko kichochoroni huku mashariki mwa London, sio mbali na ile ngome ya zamani ya Tower. Ukumbi wa 1859, kuta wameziacha na makovu yake, roshani imebebwa na nguzo za chuma zilizosokotwa kama ukili. Ungeingia ungeanza kuimba palepale, nakujua. Zamani watu walikuwa wanakaa kwenye meza, wanakula wanakunywa, na msanii anaimba huku sahani zinagongana, kwahiyo kama huna sauti na huna maneno wanakuzomea unashuka. Baadae pakawa misheni ya Wamethodisti, na makuli wa bandarini walipogoma 1889 hapohapo ndo palikuwa panapikwa chakula cha wagomaji, sahani 2,000 kwa siku. Miaka ya 60 ilibaki kidogo wapabomoe, watu wakapigania.

Sasa nilivyosikia habari ya mgomo nikakukumbuka weye, manake wasanii wa kumbi hizi nao waligoma, Januari 1907, na kisa chao ndo hichohicho chako, wallahi nikahisi nasikiliza sauti yako. Wenye kumbi walikuwa wanaongeza shoo za mchana bila kuongeza malipo. Wasanii wengi walikuwa wanaishi kwa kukimbia kumbi mbili tatu usiku mmoja, anaimba hapa, anapanda gari la farasi, anaimba kule, sasa mikataba ikawa inawafunga, ukishaimba kwangu usiimbe kwa jirani. Si ndo harusi zako hizo?

Ila kilichonigusa ni Marie Lloyd. Huyu ndo alikuwa malkia wao, binti wa Hoxton hapa karibu, kazaliwa 1870, jina la nyumbani Matilda Wood, kapanda jukwaani ana miaka 15. Nyimbo zake mafumbo matupu, maneno ukiyaandika kwenye karatasi hayana kosa, shughuli iko kwenye jicho na bega. Inasimuliwa kwamba aliitwa na wakubwa wa vibali ajieleze kuhusu nyimbo zake, akawaimbia zote kama mtoto wa madrasa, wakakosa la kusema, alafu akachukua wimbo wa heshima wanaouimba wao sebuleni kwao akauimba kwa macho yake yale, uso ukawapasuka kwa aibu. Bibi yako angempenda huyo.

Sasa Marie yeye alikuwa na uwezo wa kudai bei yake mwenyewe na akalipwa. Hakuwa na shida. Lakini alisimama nje ya kumbi na wagomaji wenzake, anagawa vikaratasi, na alisema waziwazi kwamba anagomea wale wadogo wasioweza kujisemea. Na hawakuwa waimbaji peke yao, walikuwemo wapiga muziki na mafundi wa jukwaa, kumbi 22 za London ziliguswa. Karibu wiki mbili. Mambo yakapelekwa kwa msuluhishi, malipo yakawa bora, na wapiga muziki wakawekewa kima cha chini cha mshahara. Hapo kwa wapiga muziki ndo nataka utulie, nitarudi.

Sikufichi, Marie mwenyewe yalimgharimu. 1912 mfalme akaandaliwa shoo ya wasanii wakubwa wote wa kumbi hizi, Marie hakualikwa. Sababu inayotajwa sana ni nyimbo zake, wengine wanasema ni kinyongo cha ule mgomo. Na 1922 aliimba huku mgonjwa, akawa anayumba kweli jukwaani na watu wanacheka wakidhani anaigiza, siku chache baadae akafa, ana miaka 52. Mazishini walienda watu zaidi ya 50,000. Mie hapo kwenye kuyumba nililia, Zuhura shahidi, manake weye msimu uliopita umeimba na homa siku tatu mfululizo na hakuna aliyekuuliza umekula nini.

Kwahiyo narudi palepale. Wewe ndo sauti ya kile kikundi, watu wanakuja kukutunza weye. Ukisaini, wale chipukizi watasaini wote siku hiyohiyo, na yule kijana wa kinanda na mzee wa violin hawataulizwa hata. Ukikataa peke yako atakutoa. Ila mkikataa pamoja na wapiga ala, Jumapili atampandisha nani jukwaani?

Sasa nijibu. Mkataba ni wa muda gani, mwaka au miaka mitatu? Umepewa nakala ukasome nyumbani au mnasomewa ofisini? Hiyo ruhusa ya harusi, anataka fungu kwenye tuzo zako? Mzee wa violin anasemaje? Saida yuko upande gani, au bado mmenuniana kwa lile gauni? Mdogo wake si alisomea sheria, hawezi kuuangalia huo mkataba? Na bi mkubwa anajua?

Nipigie kabla ya Ijumaa, saa nne usiku ya huko nakuwa sijaingia kazini. Hela ya kodi ya mwezi huu nitakutumia hata usiposaini, hilo lisikuharakishe.

Wako,
Mwanahamisi