Siri ya raia ni amana ya karani

Bwana Mhariri,

Naandika kwa ruhusa ya binti wa dada yangu, ambaye jina lake sitalitaja.

Mwezi uliopita nilimsindikiza kwenye ofisi moja ya komini, hapa Lubumbashi, kuandikisha mtoto wake wa wiki tatu. Mlangoni pamebandikwa karatasi: sketi fupi marufuku, blauzi zisizo na mikono marufuku. Yeye alikuwa amejifunga vikwembe viwili na kitambaa kichwani. Tulisimama mulongoni saa mbili nzima. Tulipofika dirishani karani akauliza jina la baba. Binti akainama, akajibu polepole kwamba baba hayupo. Karani akapaza sauti: "Hayupo namna gani? Amekufa, amekukimbia, ao humujue?" Mulongo wote ukageuka. Binti akamkaza mtoto kifuani, akatoka bila karatasi yoyote. Kabla ya magharibi, muuza makala ya kupikia wa avenyu yetu alikuwa ameshamuuliza dada yangu habari ile.

Mulongoni watu walianza kumrudishia karani: eti yeye mwenyewe ana nyumba ya pili. Nikawaomba wanyamaze, na leo bado nasimama hapo. Kama ana nyumba mbili, hayo ni ya kwake, ya mke wake na ukoo wao. Mimi namdai kinywa chake anapokaa dirishani, kwa sababu yale tunayomwambia pale hatumwambii kwa kupenda. Sheria ndiyo inatulazimisha kusema mtoto ni wa nani, nani ameachika, nani amefiwa.

Tumezoea kupima adabu ya wafanyakazi wa Leta, yaani wa serikali, kwa mavazi yao na kwa maneno ya nyumbani kwao. Kutunza siri hatukuhesabu. Kumbe Katiba ya 2006, kifungu cha 31, inampa kila mtu haki ya kuheshimiwa maisha yake ya faragha, na kifungu cha 73 cha sheria ya adhabu kinamwadhibu anayetoa siri aliyokabidhiwa kwa ajili ya kazi yake. Najua mshahara wao ni mdogo na unachelewa. Kaka yangu amezeekea katika kazi hiyo. Lakini kuuliza kwa sauti ya chini hakungoji mshahara uongezwe.

Ofisi ile ina chumba cha ndani chenye mlango, kimejaa mafaili ya zamani. Yahamishwe. Kama haiwezekani, raia apewe kipande cha karatasi aandike jibu lake, na asiyejua kuandika asogezwe pembeni, mbali na masikio ya watu.

Sheria inatupa siku 90 za kuandikisha mtoto. Zikipita, ni kwenda mahakamani kutafuta hukumu, na pesa hatuna. Mtoto wetu leo ametimiza siku 58, na mama yake anasema hawezi kusimama tena mbele ya dirisha lile.

Muyomba wake,
Katuba, Lubumbashi