Kastadi ya mayai haitaki moto wa kastadi ya kopo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nisahihishe jambo lililochapishwa katika ukurasa wenu wa mapishi, jambo ambalo huenda baadhi ya wasomaji wataliona dogo, lakini hapa mtaani kwetu Wete limeshaleta hasara na hata ugomvi. Ukurasa huo ulieleza namna ya kuoka nyumbani pai ya kastadi kama inavyookwa katika majimbo ya kusini ya Marekani. Nilifurahi kuiona, kwa kuwa ni pai ninayoipenda na nimeioka kwa miaka mingi. Maelezo yenyewe, hata hivyo, yaliwataka wasomaji wachanganye mayai na maziwa pamoja na vijiko vitatu vya unga wa kastadi wa kopo, kisha waioke pai kwa moto wa nyuzi 220 muda wa saa nzima. Unga ule hauna kazi katika pai hii, na moto ule ndio unaoiharibu.

Jirani yangu, ambaye huoka kwa kuagizwa, aliletewa oda ya pai nne kwa ajili ya arusi, akayafuata maelezo yenu neno kwa neno. Zote nne zilitoka zimepasuka juu na kujaa vitundu ndani, na alipoikata moja kuionja, maji yalichuruzika mpaka kwenye sinia, ganda la chini likawa limelowa kama mkate uliochovywa chai. Kwa kuwa maji yale yalikuwa na weupe, aliamini kwamba mzee anayetuletea maziwa ameyatia maji, na asubuhi iliyofuata akamwambia hivyo mlangoni, mbele ya watu. Mzee huyo anatuletea maziwa tangu watoto wangu ni wadogo, na maziwa yake ya siku ile ile mimi mwenyewe niliyachemsha yakaweka malai ya kutosha. Nilikwenda kwa jirani na gazeti mkononi, tukasoma pamoja mstari kwa mstari, nikamwonesha kwamba maji yale hayakutoka kwenye kidumu cha mzee, bali yalikamuliwa na moto kutoka ndani ya kastadi yenyewe. Ameshamwomba radhi, na mzee ameridhika, lakini mayai 16 na siagi yake havikurudi.

Naamini chanzo cha kosa kiko katika neno lenyewe. Sisi huku tukitaja kastadi tunakusudia ule unga tunaoukoroga na maziwa mpaka ukawa wa manjano, tukaumimina juu ya matunda na kuuweka kwenye futari. Unga huo ni wanga wa mahindi uliotiwa rangi na harufu ya vanila, wala hamna yai ndani yake. Aliyeubuni ni Alfred Bird, mwenye duka la dawa mjini Birmingham, Uingereza, mwaka 1837, kwa sababu mkewe alikuwa hapatani na mayai, naye alitaka amtengenezee kitu kinachofanana na kastadi asiyoweza kuila. Kwa hiyo kastadi ya asili ni mayai, maziwa na sukari, na ile ya kopo ni badala yake. Badala hiyo ina tabia yake: wanga haushiki vizuri mpaka uchemke, na anayeuepua mapema hupata uji mwepesi wenye ladha ya unga mbichi. Mpishi aliyezoea kuchemsha kastadi ya kopo kwa miaka yote huichukua desturi hiyo na kuipeleka kwenye mayai, na hapo ndipo anapoharibikiwa.

Yai halitaki kuchemka. Ute wake huanza kuganda joto likipita kidogo nyuzi 60, na kiini kwenye nyuzi 65 hivi. Likichanganywa na maziwa na sukari huchelewa, ndiyo maana kastadi hushika ikikaribia nyuzi 80. Ndani ya yai mna protini zilizojikunja mithili ya nyuzi za uzi, na joto la wastani huzikunjua zikashikana na kufanya wavu mwembamba unaoyazuia maziwa mahali pake. Wavu huo ndio ulaini tunaousifu mdomoni. Moto ukizidi, wavu hujikaza na kuyakamua maziwa, sawasawa na mkono unavyokamua tui kutoka kwenye chicha, na kinachobaki ni madonge magumu yanayoelea katika maji. Baina ya kastadi iliyoshika na kastadi iliyokatika hapana zaidi ya nyuzi chache, na oveni iliyowekwa 220 huzivuka nyuzi hizo pembeni mwa pai kabla katikati hapajapata moto wa kutosha.

Vipimo ninavyotumia nililetewa na binti wa dada yangu anayeishi Georgia, naye alifundishwa na jirani yake mzee ambaye huioka kila mwaka. Vilikuja kwa vikombe vya Kimarekani, na kikombe chao kimoja kina takriban mililita 240, ilhali vikombe vyetu vya chai kila kimoja kina ukubwa wake. Kwa hiyo nimeviandika kwa gramu. Kwa sahani ya pai yenye upana wa sentimita 23 na kina cha sentimita 4, ganda huhitaji gramu 160 za unga wa ngano, gramu 110 za siagi baridi, nusu kijiko cha chai cha chumvi, na vijiko vitatu au vinne vya kulia vya maji ya barafu. Kastadi yake ni mayai manne makubwa, gramu 130 za sukari, mililita 600 za maziwa, chumvi kidogo, kijiko kimoja cha chai cha vanila, na kungumanga ya kuparuza juu. Anayetumia mayai ya kienyeji, ambayo ni madogo, ayapime: gramu 200 bila ya maganda zinatosha, yakiwa matano au hata sita.

Kuhusu ganda sitasema mengi, kwa kuwa mwanamke wa Pemba anayejua kufikicha unga kwa samli hahitaji kufundishwa. Tahadhari ni mbili tu. Siagi isiyeyuke mikononi, na kwa joto letu hilo lina maana ya kuoka mapema asubuhi, na kuliweka donge kwenye friji kwa nusu saa kabla ya kulisukuma. Ya pili ni kwamba ganda liokwe kwanza peke yake, kwa nyuzi 200, likiwa limefunikwa karatasi na kujazwa kunde kavu ili lisivimbe, kwa dakika 15; kisha kunde ziondolewe, lipakwe ute wa yai kidogo kuziba vitundu, na lirudishwe dakika tano mpaka likauke. Maelezo yenu yaliiruka hatua hii kabisa, na bila ya hiyo ganda la chini hubaki bichi hata kama kastadi imetoka salama.

Maziwa yapashwe moto mpaka yaanze kutoa mvuke na vipovu vidogo pembeni, yaepuliwe kabla hayajachemka. Mayai na sukari vikorogwe bila ya kupigwa, kwa sababu povu litapanda juu na kuacha uso wenye mashimo. Maziwa ya moto yamiminwe juu ya mayai polepole, huku mkono mwingine ukikoroga bila ya kusita, kisha vanila na chumvi vitiwe na vyote vichujwe. Wapo wanaouliza kwa nini tujisumbue kuyapasha maziwa ilhali yatakwenda kwenye oveni. Jibu ni kwamba kastadi iliyoingia na umoto wake hushika mapema, na ganda halipati muda wa kulowa. Mimina kastadi kwenye ganda lililo moto bado, paruza kungumanga juu yake, punguza oveni mpaka nyuzi 165, ambayo kwenye majiko ya gesi yenye namba ni namba 3, na uiache dakika 40 hadi 50.

Nisimame kidogo kwenye kungumanga. Watu wa kusini ya Marekani wana pai nyingi za jamaa hii, kama vile pai ya mtindi na pai ya viazi vitamu, na juu ya pai ya kastadi kungumanga ndiyo kiungo chao kikuu, ingawa wao huagiza kutoka nchi za mbali. Asili yake ni visiwa vya Banda vya Indonesia, lakini kwetu mti huo umeota katika mashamba yetu ya viungo, na tunda likipasuka tunaiona kokwa ikiwa bado imevikwa basibasi yake nyekundu. Iliyosagwa zamani ikakaa kwenye pakiti hupoteza harufu, kwa hiyo nawasihi wasomaji wanunue kokwa nzima na kuiparuza wakati ule ule. Kiasi cha robo kijiko cha chai kinatosha pai nzima, na kuzidisha si vizuri, kwani kungumanga nyingi humdhuru mtu.

Wasio na oveni wasiachwe nje ya habari hii, kama ukurasa wenu ulivyowaacha. Umeme wa gridi ulifika Pemba kutoka Tanga kwa waya uliopita chini ya bahari mwaka 2010, na hata leo si kila nyumba yenye umeme ina oveni, lakini mkate wa kumimina tumeuoka miaka yote kwa makaa ya juu na chini, na pai huokwa vivyo hivyo. Mimi hutia mchanga mkavu ndani ya sufuria kubwa, nikaweka juu yake kigae kidogo cha kubeba sahani, nikafunika na kupalia makaa juu ya mfuniko. Wakati wa ganda, moto uwe mkali. Wakati wa kastadi, huondoa zaidi ya nusu ya makaa ya chini na kubakisha machache juu, kisha hufunua baada ya dakika 30 na kutazama. Mkono ndio kipimajoto changu: ukiusogeza karibu na mfuniko, usiuguse, na ukaweza kuuweka hapo huku ukihesabu polepole mpaka sita au saba, moto huo unaifaa kastadi.

Jambo lililo muhimu kuliko yote, na ambalo maelezo yenu hayakuligusa, ni kujua wakati wa kuitoa. Kutazama saa peke yake hakutoshi, kwa sababu oveni hazifanani. Itikise sahani taratibu: pembeni pawe pameshika, na katikati, upana wa kisahani cha kikombe cha kahawa, patikisike kama faluda iliyokaribia kuganda. Kisu kikichomwa baina ya katikati na ukingo kitoke safi. Wengi wakiona katikati panatikisika huogopa na kuongeza dakika kumi, nami nilifanya hivyo mara nyingi nilipokuwa najifunza, kumbe pai iliyotolewa huendelea kuiva juu ya meza kwa moto wake yenyewe. Iachwe ipoe kwa muda wa saa mbili hivi, isiingizwe kwenye friji ikiwa ya moto, wala isikatwe kabla haijapoa. Baada ya hapo, kwa joto letu, inayobaki iwekwe kwenye friji na iliwe ndani ya siku mbili au tatu, kwani mayai na maziwa havivumilii kukaa mezani kutwa nzima.

Nilisomesha sayansi kimu katika skuli zetu kwa miaka mingi, na najua kwamba anayesoma mapishi gazetini huyaamini yaliyoandikwa kuliko macho yake mwenyewe. Jirani yangu aliiona pai inavyopasuka kabla ya saa kutimia, lakini aliiacha humo kwa sababu gazeti lilisema saa nzima. Kwa hiyo, Ndugu Mhariri, naomba mchapishe masahihisho katika ukurasa ule ule kabla ya mwezi wa Ramadhani haujaingia na watu kuanza kuoka kwa wingi: unga wa kastadi uondolewe, nyuzi 220 ziwe 165, saa nzima iwe dakika 40 hadi 50, na iongezwe hatua ya kulioka ganda kwanza. Mkipenda kuijaribu pai hiyo jikoni mwenu kabla ya kuchapisha, mimi niko tayari kuja kuioka mbele yenu, na maziwa nitakuja nayo ya mzee yule yule.

Wako katika kazi,
Mwalimu mstaafu,
Wete, Pemba