Aliyelala ubavu hakuwa mwanamke

Ndugu Mhariri,

Mimi siyo mtu wa kuandika barua magazetini. Mara ya mwisho niliwaandikia kuhusu taa za barabarani hapa Chumbageni, hamkuichapa, nikasema basi, nikakaa kimya miaka yote hii nanunua gazeti, nasoma, nafungia samaki. Ila ile habari yenu ya Jumapili ya mashine ya kukusanya ndoto, ile yenye picha ya binti amelala anatabasamu na utepe kichwani, imenikuta na donda bichi. Mmeisifia mwanzo mpaka mwisho. Hamkuuliza hata mtu mmoja aliyelala nayo nyumbani kwake akiwa na mke.

Mimi ninayo. Mwanangu Mwajuma alituletea, eti baba usingizi wako umekuwa mbaya. Unavaa utepe, unasoma umeme wa kichwani, na kuna kimaiki kinasikiliza ukiropoka usingizini, vyote vinakwenda huko kwenye seva vinachakatwa, saa 11 alfajiri unaletewa muhtasari kwenye simu. Na siyo simu yako tu. Kifurushi ni cha familia kwa hiyo muhtasari unaingia kwenye simu zote zilizosajiliwa, hilo mwandishi wenu hakuliandika.

Sasa usiku huo nilimuota marehemu baba, Mungu amrehemu, sijamuota miaka. Tuko Pangani, maji yametoka, mashua yetu imelala ubavu kwenye mchanga na sisi tunaikalafati, yeye anasindilia pamba kwenye nyufa mimi nafuata nyuma napaka sifa kwa mikono miwili, yale mafuta ya ini la papa, anayeyajua anajua yanavyonuka, ukiyashika leo unayasikia mpaka keshokutwa. Baba akaniambia fanya haraka maji yanajaa. Nikaamka nikaenda zangu msikitini na ile harufu puani, nimefurahi kama mtoto, simu nimeiacha ndani haina chaji. Narudi nakuta chai imefunikwa na sahani, haina mkate haina kiazi, mama Mwajuma kakaa kwenye mkeka kashika simu yake. Hakunisalimia. Akanisomea: "Mwanamke, jina Zuhura. Amelala ubavu. Mhusika anampaka mafuta kwa mikono miwili. Hisia: furaha. Yupo pia mzee mmoja asiyetambulika." Halafu akasema, "Baba Mwajuma, Zuhura ni nani?" Mhariri, Zuhura ni mashua! Ndio jina lililoandikwa ubavuni kwa rangi ya kijani, na inaonekana nililitaja usingizini. Lakini nenda kamweleze mtu wa Lushoto, aliyezaliwa kwenye maharage na matunda, chombo anachokijua yeye ni sufuria. Na Mwajuma kule Dodoma kashasoma. Na mkwe kashasoma. Mkwe wangu, Mhariri, ambaye mpaka leo akinipigia simu anaongea kwa sauti ya mtu aliyeko msibani.

Ya Zuhura yatapita. Lililonichoma ni "mzee mmoja asiyetambulika". Baba yangu huyo! Aliyenifundisha kushika usukani, nimemsubiri miaka, kaja, na mashine imemwandika kama mpita njia.

Mnapenda sana hilo neno kuchakata, nimelihesabu kwenye habari yenu limetokea mara sita. Mimi nimefanya kazi shamba la mkonge mpaka nikastaafu, kuchakata nakujua. Jani linaingia kwenye korona, ile mashine ya kukwangua mkonge, linapondwa, linakwanguliwa, linaoshwa, na katika jani zima nyuzi unazopata ni kama asilimia 4, yaliyobaki yote maji na nyama yanamwagwa huko nje yananuka mtaa mzima. Mkonge sawa, tunataka kamba. Ila mimi kwenye ndoto ile kamba naitakia nini, nilichokuwa nakitaka ni kile kilichomwagwa. Harufu ya sifa iko wapi kwenye muhtasari? Sauti ya baba iko wapi?

Na msituambie ni maajabu yameanza juzi. Wajapani wa Kyoto walishajaribu, wakatoa matokeo 2013, watu watatu walilazwa ndani ya ile mashine kubwa ya MRI ya hospitali, inayopiga picha ubongo, wakisinzia tu wanaamshwa waseme wameona nini, wanalazwa tena, wanaamshwa tena, mara mia na zaidi. Baadaye kompyuta ikaanza kubashiri, huyu kaona mtu, huyu kaona gari, huyu jengo. Ilipatia kama asilimia 60. Lakini wale walikuwa wanamuuliza aliyelala! Anaamshwa anaulizwa, wewe umeona nini. Hii yetu haiulizi mtu, inamuuliza mke wako.

Halafu kabla chai haijapoa ikaingia meseji nyingine: mpendwa mteja, mafuta ya kukandia mwili, punguzo la leo tu. Hapo ndo nikajua ndoto yangu imeshafika sokoni. Hizi meseji kwa kweli zimezidi, ndoto au bila ndoto. Saa 8 usiku simu inalia unaruka ukidhani kuna msiba, kumbe umepewa nafasi ya kushinda bodaboda. Mara umestahili mkopo, nani kaomba? Ukipiga kulalamika unaambiwa bonyeza moja, bonyeza mbili, unasikilizishwa muziki mpaka salio linakata. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi tunayo tangu 2022, nimeambiwa ina kurasa nyingi nzuri. Naomba mwanasheria wenu wa ule ukurasa wa Jumatano atujibu, ndoto ni taarifa binafsi au siyo? Kwetu sisi wa pwani hata bila sheria ilikuwa inajulikana, ndoto nzuri unamsimulia anayekupenda, mbaya unatema kushoto unageuka upande wa pili unanyamaza. Unachagua mwenyewe.

Mapendekezo yangu ni haya. Muhtasari usitoke kabla ya saa 4 asubuhi, mtu awe ameshakunywa chai. Uje kwa aliyelala peke yake. Pawe na sehemu ya kujaza: huyu ni nani kwako, hiki ni chombo cha baharini au cha jikoni. Na huyo mwandishi wenu namkaribisha Tanga, alale kwangu siku saba na utepe kichwani, usiku nitamlisha pweza wa kukaanga na pilipili, ndoto zake mzichape ukurasa wa tatu zote bila kuhariri, nakala ya kwanza mpeleke kwa mkewe.

Mashine yenyewe nimeiweka kwenye boksi la viatu juu ya kabati, betri nimetoa. Nimelala siku nne bila utepe, baba hajarudi.

Na kwa kuwa mama Mwajuma gazeti hili huwa analisoma kabla halijafunga samaki: Zuhura iliuzwa 1987, ikaenda Mkwaja, ilikuwa inavuja.

Msomaji wenu,
Chumbageni, Tanga