YAH: Mbegu za deizi Shasta zilizoniotea magugu

Kwa Meneja wa Huduma kwa Wateja,

Naandika kuhusu mbegu za maua mlizoniuzia msimu uliopita kwa jina la "Deizi Shasta, aina ya Becky, mmea wa kudumu". Ziliota vizuri, hilo silalamikii. Nalalamikia kilichoota.

Shasta ina majani mazito yanayong'aa, yenye meno madogo pembeni, na ua lake mara nyingi hupita upana wa sentimita 7. Maua yaliyochanua kwangu hayafiki 5, na majani ya chini yana umbo la kijiko, kingo zimechanikachanika. Hiyo ni Leucanthemum vulgare, deizi ya porini, ambayo nchi kadhaa zinaihesabu kuwa gugu vamizi. Huenea kwa mbegu na kwa mashina yanayotambaa chini ya udongo. Kwangu imeshavuka tuta na kuingia kwenye nyasi. Nang'oa, lakini kipande cha shina kikibaki ardhini huchipua tena, na mbegu zake huweza kukaa udongoni miaka mingi kabla ya kuota.

Nyuma ya pakiti mmesimulia kwa fahari jinsi Luther Burbank wa California alivyochanganya aina kadhaa za deizi hadi akaitoa Shasta mwaka 1901. Mmoja wa wazazi wa Shasta ni huyohuyo vulgare. Yaani nimelipia mtoto, nikaletewa mzazi.

Halafu hilo jina la Becky. Becky huzalishwa kwa kugawa mashina. Mbegu zake hazitoi mmea unaofanana na mama. Kwa hiyo hata kama ndani mngetia mbegu za Shasta, lebo ingekuwa bado ya uongo. Kampuni ya mbegu isiyolijua hili inanitia wasiwasi.

Nilipotuma picha, mhudumu wenu alinishauri nipunguze maji kwa kuwa shina litaoza. Laiti lingeoza!

Naomba nirejeshewe fedha zote. Pakiti ya bure mliyonipendekezea siitaki. Ondoeni sokoni pakiti zote za toleo hilo (namba yake inaonekana kwenye picha nilizoambatanisha), na muwaarifu wote walionunua wakate maua kabla hayajakauka na kumwaga mbegu. Nisipopata jibu la maandishi ndani ya siku 14, nitalifikisha suala hili kwa wasimamizi wa ubora wa mbegu.

Wenu,
Mteja