Kwa Mwanaidi, kuhusu zile filamu zisizo na hadithi

Shoga yangu Mwanaidi,

Salamu nyingi. Huku wote wazima, ila mama na goti lake. Ujumbe wako wa sauti niliusikiliza wote, hadi pale unaposema macho yanakuwasha kwa simu na bado huiweki chini. Ukauliza hizo filamu zangu za wendawazimu zina faida gani.

Chukua filamu iitwayo A Movie ya Bruce Conner, msanii wa Marekani, ya mwaka 1958. Dakika 12 tu. Conner aliokota vipande vya filamu za watu: habari, vita, magari yanayopinduka, akaviunga. Nahodha wa nyambizi anachungulia darubini. Kipande kinachofuata ni msichana wa nguo za kuogelea. Mara kombora linafyatuliwa, kisha wingu la bomu la atomiki. Unacheka, halafu unajishtukia unacheka nini.

Wewe unayekata video za harusi utanielewa upesi: kicheko hicho kimetokana na mkasi. Simu nayo hutumwagia hayohayo, maiti za vita, binti anayecheza, sabuni, mafuriko, lakini hakuna aliyekaa akaamua kipi kifuate kipi na kwa nini. Ni hesabu za kompyuta, shabaha yake usiondoke. Basi hatucheki wala hatulii, kidole kinapandisha tu.

Andy Warhol, msanii mwingine wa Marekani, alikwenda upande mwingine kabisa na filamu yake Empire. Usiku wa tarehe 25 Julai 1964, New York, kamera iliwekwa kwenye dirisha la ofisi ikaelekezwa kwenye ghorofa refu la Empire State mpaka saa nane usiku na ushei. Ilipigwa kwa picha 24 kwa sekunde, ikaonyeshwa polepole, kwa 16, ndiyo maana urefu wake unafika muda wa saa 8 na dakika 5. Bila sauti! Giza linaingia, taa zinawaka, basi. Mimi nimeona sehemu tu, na sikufichi, nilisinzia. Ila kuna mahali taa ya ofisini haikuzimwa mapema, sura ya Warhol ikaonekana kwenye kioo cha dirisha. Ukishakaa na jengo muda wote huo, sura ile inakuwa habari kubwa.

Sitakwambia uache simu, wateja wako wamo humo. Ila yale mabaki unayofuta, mashangazi wakisubiri bibi harusi, dereva kalala, yaunge bila muziki. Usinitumie kwa WhatsApp, picha zitaharibika. Weka kwenye flashi, umpe yeyote anayekuja Tanga.

Wako,
Rehema