Jerbera zetu haziuawi na jua

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwaambie wapenda bustani kwamba jerbera, zile deizi za rangi kali zilizojaa kwa wauza miche, si ua la msimu mmoja. Asili yake ni maeneo ya Barberton, Afrika Kusini, na ikitunzwa huchanua miaka kadhaa. Inasikitisha kuona watu wakinunua upya kila mwaka na kusingizia jua.

Kinachoziua zaidi ni kupandwa chini mno. Majani yote ya jerbera hutokea kwenye kitako kifupi kilicho usawa wa ardhi. Kikifukiwa, maji hutuama kwenye machipukizi, ukungu unaingia, na mmea unanyauka ilhali udongo umelowa. Mwenyewe akiona umenyauka anaongeza maji, na huo ndio mwisho wake. Ukivuta jani linachomoka lenyewe, tako lake la kahawia na linateleza. Hapo hakuna dawa tena: ng'oa, na usirudishie jerbera nyingine papo hapo.

Panda kitako kikiwa juu ya udongo kwa sentimita 1 au 2, kwa sababu udongo wa shimo utashuka. Mche hadi mche acha sentimita 35. Penye udongo wa mfinyanzi inua tuta la sentimita 20 na uchanganye mboji iliyoiva na mchanga wa mtoni. Mwagilia asubuhi, pembeni mwa mmea. Majivu ya jikoni usiweke kabisa: yanapunguza uchachu wa udongo, mmea unakosa madini ya chuma, na majani machanga yanakuwa njano huku mishipa imebaki kijani.

Ua likichakaa, shika kikonyo chini kabisa, kizungushe na ukivute. Kipande kinachobaki baada ya kukata huoza.

Baada ya miaka 2 au 3 maua yakianza kuwa madogo, shina limesongamana. Vuli ikianza, chimbua lote, ligawe kwa kisu safi, kila kipande kiwe na kitako na mizizi yake, punguza majani nusu, panda na ukiwekee kivuli kwa wiki 2.

Nanyi wauza miche, acheni kujaza viriba udongo hadi kufunika kitako. Mnunuzi naye apanue majani na kuchungulia kabla ya kulipa.

Mpanda maua,
Arusha